Kilichofungwa Nyuma ya Redio

Same, Jumapili alasiri. Upepo wa vumbi tangu asubuhi, ule wa mwezi wa tisa unaoingia hata kwenye sufuria iliyofunikwa. Sikwenda kanisani. Nimekaa barazani na gari liko mbele yangu, boneti imefungwa, limepona kabisa, halijawahi kuwa zima hivi tangu Pasaka. Na mimi nina hasira.

Naandika ili nisimpigie mtu simu.

Kwa anayesoma hapa kwa mara ya kwanza: kazi yangu ni umeme wa jua. Nina duka karibu na soko, nauza paneli na betri, na mwenyewe napanda juu ya mabati kuzifunga. Wateja wangu wako milimani, Vudee, Mbaga, mpaka Mamba kwenye mashamba ya tangawizi, na wengine wako huku tambarare kwenye maboma ya wafugaji, ambako taa moja tu inatosha kumfukuza fisi. Gari ni la familia lakini ndilo linalobeba ngazi yangu. Mume wangu, Baba Upendo, yuko Dodoma kwenye kazi za ujenzi, anarudi mwisho wa mwezi. Binti yetu yuko shule ya bweni. Kwa hiyo siku nyingi ni mimi na gari.

Taa ya injini ilianza kuwaka baada ya Pasaka.

Mwanzoni ilikuwa inawaka na kuzimika yenyewe. Baadaye gari likaanza kukosa nguvu kwenye vilima. Unakanyaga mafuta, linaguna, linashtuka, halafu linaendelea kama vile hakuna kilichotokea. Kisha betri nayo ikaanza. Nikiliacha siku mbili bila kuliwasha, asubuhi ya tatu haliitiki hata kidogo.

Nikalipeleka gereji moja hapo barabara kuu. Fundi akachomeka mashine yake chini ya usukani, ikatoa kodi, ile namba ya kuonyesha ubovu, P0171. Akaniambia hiyo maana yake injini inapata hewa nyingi na mafuta kidogo, kwa hiyo sensa ya oksijeni, kile kihisi cha kupima moshi, imekufa. Akabadilisha sensa, akafuta kodi, taa ikazimika. Wiki haikuisha, taa ikarudi. Nikarudi kwake. Safari hii ikasoma P0562, umeme mdogo. Akasema betri imechoka.

Betri ndiyo biashara yangu. Nilikuwa nimeipima nyumbani, haikuwa na shida yoyote. Nikamwambia, betri haiumwi, kuna kitu kinainyonya gari likiwa limezimwa, tafuta hicho kitu. Akanitazama, akatabasamu, akafuta mikono kwenye suruali.

"Mama, wewe mlete mzee tuongee naye."

Mzee. Mwanamume ambaye hajui hata kubadilisha globu ya taa ya breki. Nikasimama pale na mita yangu ya kupimia umeme mkononi, na yule fundi akageuka kuhudumia mteja mwingine. Akafuta kodi tena bila kutafuta chochote. Kufuta kodi bila kutengeneza gari ni sawa na kumziba mgonjwa mdomo ili asiendelee kulia.

Nilimweleza Baba Upendo kwenye simu. Kila nikimweleza, jibu lake lilikuwa moja: niliache gari, nisifungue fungue vitu, yeye akija atalipeleka kwa yule rafiki yake aliyetufungia redio ya gari wakati wa Pasaka. Nikadhani ananionea huruma, hataki nichafuke. Nilimshukuru hata.

Sasa nifike Alhamisi.

Mama mkwe wangu alikuwa ameshuka kutoka Mbaga kuja kutazamwa macho. Alilala kwangu, na Alhamisi nikawa namrudisha. Alikuwa na bandeji kwenye jicho la kushoto na mfuko wa mchele mapajani, hataki kuuweka nyuma. Tukapita Mwembe vizuri. Tukaanza kupanda kule barabara inakobana, upande mmoja ukuta wa udongo mwekundu, upande wa pili unaona vilele vya miti chini yako. Kwenye kona injini ikazimika. Haikukohoa, haikuguna. Ilizimika kama taa.

Asiyeendesha huenda hajui: injini ikizima, usukani unakuwa mzito kama jiwe la kusagia, na breki unaikanyaga mara mbili tatu kisha inakuwa ngumu kama ukuta. Gari likaanza kurudi nyuma. Nilivuta breki ya mkono, nikakanyaga ile nyingine kwa miguu yote miwili, na bado lilikuwa linateleza kwenye kokoto, polepole, kuelekea upande wa miti.

"Mama, shuka. Shuka sasa hivi."

Akashuka. Mwanamke wa umri ule, jicho moja limefungwa. Mimi nilitaka aokoe maisha yake. Yeye akazunguka nyuma ya gari, akaokota jiwe kwa mikono miwili, akalipiga chini ya tairi. Gari likagonga jiwe, likasimama.

Sikuweza kushuka mara moja. Niliendelea kukanyaga breki.

Wakapita vijana na pikapu ya nyanya, wakatusukuma mpaka mahali pa tambarare. Baada ya kukaa kidogo nikajaribu ufunguo, gari likawaka kama kawaida. Nikampeleka mama taratibu mpaka mlangoni. Njia nzima alishika ule mpini wa juu ya mlango. Aliposhuka ndipo akasema, "Mama Upendo, gari hili litaua mtu. Na aliyekuwa ndani leo ni mimi na wewe."

Nilishuka mlima nikiwa nimeamua. Sitaki tena fundi, sitaki mzee, sitaki kusubiri mwisho wa mwezi. Nina kile kifaa kidogo cha kusomea kodi, kinachounganishwa na simu, nilikinunua Moshi nikaona aibu kukitumia baada ya yule fundi kunicheka. Nikakichomeka. Kikatoa kodi mpya: P0230. Saketi ya pampu ya mafuta.

Neno lililonishika ni saketi. Ingekuwa pampu yenyewe ningetafuta mtu wa kufungua tangi. Saketi ni nyaya, na nyaya ndizo zinazonilisha.

Jana Jumamosi sikufungua duka. Nilizima gari, nikafunga milango, nikaweka mita kwenye betri. Gari lililolala linatakiwa linywe umeme kidogo sana, wa saa na kengele tu. Hili lilikuwa linakunywa kama lina mgeni ndani. Nikachomoa fyuzi moja moja nikitazama mita. Zote zikaisha, na umeme bado ukaendelea kwenda. Maana yake kuna kitu kilichounganishwa moja kwa moja, bila kupita kwenye fyuzi yoyote ya kiwandani. Kitu kilichoongezwa.

Nikalala chali chini ya usukani na tochi. Waya wa pampu ya mafuta ulikuwa umekatwa. Umekatwa kwa makusudi, kisha ukaungwa kwa kusokotwa na vidole na kuzungushiwa selotepu nyeusi, kazi ambayo kijana wangu wa dukani angeifanya ningemfukuza. Selotepu ilikuwa imeyeyuka na shaba ya ndani imeungua. Kila gari likipanda na kutikisika, ule muungano ulikuwa unaachia. Hiyo ndiyo P0171, hiyo ndiyo P0230. Hilo ndilo lililotuacha kwenye kona.

Nikaufuata waya. Ulikwenda kwenye rilei, ile swichi ndogo inayoweza kukata umeme kwa amri. Kutoka kwenye rilei ukapanda nyuma ya redio. Nikatoa redio. Pale nyuma, kimefungwa kwa vibanio vya plastiki, kulikuwa na kiboksi cheusi cha ukubwa wa kiberiti, na taa ya kijani inapepesa.

Ndani yake kulikuwa na laini ya simu.

Vifaa hivi navijua. Wenye malori wanavifunga, wenye bodaboda wanavifunga. Unafungua simu yako unaona chombo chako kiko wapi, na ukitaka unatuma amri, mafuta yanakatwa, chombo hakiwaki mpaka utume amri nyingine. Ni kitu kizuri kwa mwenye mali.

Nilikaa kwenye kiti cha dereva, redio mapajani. Ile redio ililetwa Pasaka. Baba Upendo alichukua gari mwenyewe kwenda kwa rafiki yake, akarudi jioni ananipigia wimbo wa kwaya getini kabla hajazima injini. Nilifurahi. Nilimpikia.

Halafu mambo yakaanza kujipanga yenyewe kichwani, nikawa sina uwezo wa kuyazuia. Kwamba tangu Pasaka alikuwa akipiga simu jioni anauliza, leo umepitia wapi, na nikijibu kuna namna anavyonyamaza. Kwamba siku moja aliuliza mbona nilikaa sana Mwembe. Nilikuwa nimekaa kwa mteja ambaye paneli yake ilianguka. Nikadhani ni mji tu una midomo, Same watu wanaonana. Nikaanza kumweleza kabla hajauliza. Baada ya muda nikaanza kutopita baadhi ya sehemu, ili nisiwe na la kueleza. Mimi, mwanamke niliyepanda mabati ya nusu ya wilaya hii, nikawa napunguza safari kama mtu anayebana chumvi. Sikugundua kama nimebadilika. Jana ndipo nilipogundua.

Kuna siku nilikwenda Hedaru kwa dada yangu bila kumwambia Baba Upendo. Sababu haikuwepo, nilimkumbuka dada tu. Wakati wa kuondoka gari likakataa. Injini inazunguka, haishiki. Tulikaa pale jua linatuchoma, malori yanapita yanatumwagia vumbi, shemeji anafungua boneti anafunga. Baba Upendo akapiga simu, yuko mchangamfu kidogo, anauliza niko wapi. Nikamwambia niko Hedaru kwa dada, na gari limegoma. Akasema pole, jaribu tena baadaye kidogo. Nikajaribu baadaye kidogo. Likawaka.

Nilimshukuru Mungu kwa sauti. Dada yangu akapiga vigelegele.

Jana, nikiwa bado kwenye kiti cha dereva, nikampigia.

"Nimekiona," nikamwambia.

"Umekiona nini?"

"Nyuma ya redio."

Nikasikia watu huko kwake wakigonga nondo. Akasogea mahali pa kimya.

"Mama Upendo, kile ni cha usalama. Unajua magari yanavyoibwa."

"Kwa nini hukuniambia?"

"Ningekwambia ungeelewa vibaya."

"Na rilei ya kukata mafuta? Umewahi kuitumia?"

Nilisubiri. Nimeishi naye muda wa kutosha kujua kwamba anapotafuta uongo huwa anakohoa, na hakukohoa.

"Mara moja," akasema. "Nilikuwa najaribu kama inafanya kazi."

"Hedaru."

Akasema anafanya kazi mbali, kwamba mwanamume akiwa mbali anawaza mengi, kwamba kuna mambo watu wa kazini wanayasimulia kuhusu wake zao. Nikamwambia muungano wa rafiki yake umeungua, na Alhamisi gari lilizima kwenye kona ya juu ya Mwembe, likarudi nyuma, na mama yake alikuwa ndani.

"Hiyo sikuizima mimi," akasema haraka.

"Najua. Hiyo ilizima yenyewe."

Nikakata simu.

Sikulia. Nilichukua koleo. Nilikata kila kitu alichofunga yule rafiki, nikautoa ule waya ulioungua mpaka pale shaba inapong'aa, nikaunga upya kwa risasi ya kuchomelea na kuuvisha mpira unaobana kwa joto, nikaurudisha kwenye njia yake ya kiwandani. Nikapima. Gari likalala kama gari. Ndipo nikafuta kodi, na safari hii nilikuwa na haki ya kuzifuta.

Mchana huo huo nikapanda nalo mpaka Mbaga. Ilibidi nilijaribu mlimani, na ukweli mwingine ni kwamba nilitaka mtu anisikilize. Kwenye ile kona nilitokwa jasho la mgongo, lakini injini haikubadili hata sauti. Kodi hakuna. Ingekuwa siku nyingine ningeimba.

Mama mkwe alikuwa anapepeta maharage. Nikamwamkia, akaitikia marahaba, akanipa makande kabla ya kuniuliza chochote. Nikala. Kisha nikatoa kile kiboksi kwenye mkoba nikakiweka kwenye ungo, juu ya maharage, nikamweleza kilikuwa kinafanya nini na nani alikifunga. Nilieleza taratibu, bila kumtukana mwanawe. Akakigeuza kwa kidole.

"Baba yake alikuwa anatema mate," akasema.

Sikuelewa.

"Nikienda mtoni kuchota maji, anatema mate pale mlangoni. Ananiambia urudi hayajakauka."

"Na wewe ulikuwa unafanya nini, mama?"

"Nilikuwa nakimbia." Akaendelea kuokota mawe kwenye maharage. "Maji yanamwagika nusu, ananigombeza kwa maji. Mvua ikinyesha nafurahi, maana mate hayakauki upesi."

Nikamsubiri aseme kwamba ilikuwa vibaya. Nilikaa pale nikamsubiri kabisa, kama mtu anayesubiri chenji. Badala yake akafuta kiboksi kwa kanga, akanirudishia mkononi, akafunga vidole vyangu juu yake.

"Kirudishe mahali pake, mwanangu. Funga vizuri kwa ufundi wako, kisiunguze gari. Mwanamume akiona anakuona, anatulia. Nyumba yako itakaa."

Hapa ndipo hasira yangu ilipopoteza adabu. Sikumjibu vibaya, ni mama yangu, na Alhamisi aliniokolea maisha kwa mikono yake. Lakini nilisimama nikaaga nikiwa nimebana meno. Anataka nitumie ufundi wangu kujifunga. Na najua ananipenda. Ndiyo maana inauma. Mbaya wangu angeniambia hivyo ningecheka.

Njiani kushuka nililazimika kusimama chini ya mkaratusi, nikapiga usukani kwa viganja mpaka honi ikalia, mbuzi wa watu wakakimbia.

Najua nitakayoambiwa. Hajakupiga. Hajakuletea mwanamke. Anajenga, anasomesha, anapiga simu kila jioni. Ni kweli, yote. Ni mwanamume ambaye nikiumwa anasafiri usiku kucha kuja kunishika mkono. Sasa nimebaki sijui alipokuwa ananishika mkono alikuwa ananipenda au alikuwa anahakikisha niko pale alipodhani nipo. Hilo hakuna mita ya kulipima.

Leo asubuhi ametuma ujumbe mara mbili. Wa kwanza: nisikitupe kile kifaa, ni cha gharama. Wa pili: mama yake anaendeleaje, na tuyamalize wenyewe, nisimshirikishe mtu. Mpaka naandika hapa hajauliza kama niliogopa Alhamisi. Ameuliza habari za mama yake, ameuliza habari za kifaa.

Nimemjibu kwa ujumbe mmoja. Nimemwambia Ijumaa, mwisho wa mwezi, akija aje na maneno yake, si ya watu wa kazini, na atayasema mbele ya dada yangu na mbele ya mama yake, maana wote wawili walikuwemo kwenye jambo hili bila kuulizwa. Nimemwambia sijui kama nitayakubali. Ameusoma.

Sijui nitamwambia nini Upendo akifunga shule, akiona baba yake analala sebuleni. Ana akili ya kuuliza. Je, nitamwambia ukweli, au na mimi nitamfundisha kukimbia?

Upepo umetulia kidogo. Kesho nina kazi Usangi, kwa mwalimu mmoja mstaafu anayetaka taa nne na sehemu ya kuchajia simu. Nitatoka mapema, nitapita Mwanga kununua skrubu, nitapanda. Wakinikaribisha chai nitakunywa. Nikikuta sehemu yenye upepo mzuri nitasimama nitazame bonde.

Nitarudi nitakaporudi.